Aliyesimama Mara Kumi na Moja

Ungefanya nini, msomaji wangu, kama mlango wako ungegongwa saa tatu asubuhi, ukaufungua ukiwa na pini mdomoni, ukamkuta wifi yako ambaye hamjasemeshana miaka tisa amekaa kwenye kiti cha magurudumu, nyuma yake kamera ya televisheni, na neno la kwanza analokuambia ni "Niguse nipone"?

Mapazia, maana ndivyo alivyoitwa mwenye mlango huo, alizitoa pini mdomoni moja moja. Zilikuwa sita. Alizichomeka kwenye ukosi wa gauni lake zote sita, tena kwa mstari, maana mtu akipigwa na bumbuwazi mikono huendelea na kazi yake.

"Karibu, wifi," alisema.

"Karibu itakuja baadaye. Niguse kwanza."

Umati uliokuwa nyuma yake uliitikia kwa kishindo hadi kioo cha dirisha kikatetemeka.

Kama gazeti la juma lililopita lilikupita kwa kufungia sabuni, basi shika haya. Mapazia ni mjane, mshona mapazia, muumini anayesali asubuhi na jioni bila kumtangazia mtu. Binti yake ni mpiga kamera wa kituo cha televisheni. Siku zake za mapumziko, binti huyo alikuwa akitengeneza filamu yake mwenyewe, fupi, ya kejeli: kuna nabii asiyeomba mpaka taa ziwashwe, na mwandishi wa habari anayewaambia wagonjwa walie upya kwa kuwa machozi ya kwanza hayakuonekana vizuri. Mapazia aliigiza mama asiyeweza kutembea, anaombewa, anasimama.

Kosa lilikuwa dogo kama tundu la sindano. Binti aliazima kamera ya kituo, akairudisha, akasahau kipande kimoja ndani ya kadi yake. Mhariri wa zamu akakiona, akadhani ni habari, akakirusha. "Mama asimama baada ya miaka kumi na miwili!"

Tangu hapo nyumba ile haikupumua. Watu walikuja na wagonjwa, na picha za wagonjwa, mmoja alikuja na redio isiyoshika mawimbi. Wakakata vipande vya vitambaa vya chumba cha kazi waende navyo kwa baraka. Pazia la mwalimu mkuu, lenye maua ya zambarau, lilibaki nusu.

Na sasa amekuja wifi.

"Umetokaje kwako na hali hii?" Mapazia aliuliza.

"Kwa teksi. Saa nne naitwa hospitali wanikate nyonga, wanitie ya chuma. Nimeamua siendi. Kama Mungu amepita kwako, mimi nihangaike na visu vya nini?"

Orodha ya hospitali ile kila mtu aliijua: jina likiitwa ukakosekana, unarudi mkiani, na mkia wake ulikuwa na urefu wa miezi saba. Wifi aliyemwona hapo mlangoni, mashavu yamebonyea, kidole gumba kikisugua mkono wa kiti bila kupumzika, hakuwa mtu wa kungoja miezi saba mingine.

Aliinua macho kwenye saa ya ukutani. Tatu na dakika kumi. Kwa gari, barabara ikiwa tupu, ni mwendo wa dakika kumi tu.

"Jamani!" alipaza sauti, akaitazama kamera. "Nisikilizeni. Ile ilikuwa filamu. Niliigiza. Sijawahi kushindwa kutembea hata siku moja, kila siku nakanyaga cherehani hii kwa miguu yangu miwili. Hakuna muujiza!"

Mapazia akashusha pumzi.

Kisha mama mmoja wa nyuma akapiga kelele: "Oneni unyenyekevu!"

"Hataki sifa!" mwingine akadakia.

Mtangazaji aliyekuwa mbele ya umati akaruka na kipaza sauti chake. Watu walimwita Moja-kwa-Moja, maana ilisemekana hata akinunua kiberiti hutangaza. Viatu vyake viling'aa kuliko uso wake, na uso wake ulikuwa umepakwa poda.

"Watazamaji, mmesikia wenyewe! Ameutenda muujiza na sasa anaukana! Ni nani katika dunia ya leo anayekataa sifa?"

"Siukani! Nimesema haukuwepo!"

"Anaukana mara ya pili, watazamaji!"

Mapazia alikuwa kama mtu aliyenasa kwenye nyuzi: kila akijinasua, fundo linakaza.

Moja-kwa-Moja alikuwa ameshainama kwa wifi. "Mama, lile chozi lako lilikuwa zuri sana, lakini limetokea upande wa kivuli. Unaweza kulia tena? Kwa jicho la huku?"

Mapazia aliganda. Maneno yale aliyajua. Ni binti yake aliyeyaandika, kwenye daftari la mraba, mezani pale pale penye mkasi. Katika filamu watu waliyacheka mpaka wakashika mbavu. Hapa hakuna aliyecheka, na wifi alikuwa anajaribu kwa bidii kulia na jicho la kushoto.

"Zima hiyo kamera!" Mapazia alisema, akaisukuma lenzi kwa kiganja.

Kamera ikashuka. Nyuma yake kulikuwa na uso wa binti yake mwenyewe.

"Wewe!"

"Mama, wamenituma mimi," binti alinong'ona, midomo imemkauka. "Mhariri kasema mimi ndiye ninayejua njia ya kwako."

"Njia ya kwangu! Na njia ya kinywa chako imepotelea wapi? Hujawaambia?"

"Nikisema nimetumia kamera yao kwa mambo yangu, nafukuzwa kazi leo hii."

"Na shangazi yako akikosa kisu chake leo?"

Binti alimtazama shangazi yake. Shangazi alikuwa amefaulu: chozi moja dogo lilikuwa likishuka upande wenye mwanga, na Moja-kwa-Moja akilisindikiza kwa maneno. Binti akaushika mkoba wake.

"Ninazo zote, Mama," alisema, sasa kwa sauti ya kawaida. "Mara zote kumi na moja."

Hapo msomaji wangu ujue jinsi kazi ile inavyofanyika, maana hata Mapazia ilimshangaza. Jambo linalotokea mara moja kwenye filamu limefanywa mara nyingi mpaka likakubalika. Siku ile Mapazia alisimama kutoka kwenye kiti mara kumi na moja. Iliyorushwa ni ya mwisho.

Binti alisukuma kiti cha shangazi yake hadi mezani, akavuta kompyuta yake kutoka mkobani, akaiweka juu ya meza ya kukatia kati ya chaki na utepe wa kupimia, akaigeuzia kamera. "Tazameni wenyewe. Nchi nzima itazame."

Mara ya kwanza, Mapazia anasimama, kiti kinarudi nyuma kwa magurudumu yake, kinagonga ndoo. Mara ya pili, anapiga chafya katikati ya maombi. Mara ya tatu, nabii, ambaye ni fundi viatu wa mtaa wa pili na kanzu yake ni pazia la bafuni, anasahau maombi na kuuliza, "Niseme nini tena hapa?" Mara ya sita, Mapazia amekwisha kunyanyuka nusu, anageuka: "Mwanangu, hivi jiko nimezima?"

Watu walisogea mpaka kizingitini. Waliokuwa nyuma walipanda juu ya ndoo. Hata aliyekuja na redio aliizima.

Ya kumi na moja ilipokwisha, Moja-kwa-Moja alikaa kimya kwa muda wa pumzi mbili, jambo ambalo hakuna aliyewahi kulishuhudia. Mapazia akajisemea moyoni: asante Mungu, kweli imefika.

"Watazamaji," Moja-kwa-Moja alisema polepole, sauti ikitetemeka. "Kumi na moja."

Kisha akainua mkono juu.

"Si mara moja! Mama huyu amesimama mara kumi na moja!"

Umati ulilipuka kwa shangwe. Watu walikumbatiana. Mzee mmoja aliyejifanya mjuzi akawaeleza wenzake kwamba ile chafya ndiyo ilikuwa dalili, ndipo ugonjwa ulipotokea puani. Mtu akauliza kama ile ndoo bado ipo. Ikatafutwa. Ikapatikana. Ikabebwa.

"Ndoo yangu!" alilia Mapazia.

Binti alikaa juu ya robota la kitambaa kama gunia lililoachiwa. "Mama, mimi sina tena. Ushahidi wangu ndio huo."

Saa ya ukutani ilionyesha tatu na nusu.

Katika kelele zile, mtu mmoja tu hakuwa anashangilia. Wifi alikuwa amejiinamisha kwenye kompyuta mpaka pua karibu iguse kioo.

"Rudisha," alisema.

Binti aliinuka. "Ipi, Shangazi?"

"Ya tano. Pale anaposhika kiti."

Binti akairudisha.

"Tena."

Akairudisha tena. Kwenye kioo, mkono wa kushoto wa Mapazia unatangulia kwenye mkono wa kiti, unasita, unarudi nyongani, unaikanda mara mbili. Meno yanauma mdomo upande mmoja, wa kulia. Kisha, kabla ya kunyanyuka, midomo inatamka kitu kwa sauti ya chini: "Haya, mifupa, twende."

Katika dunia yote iliyoumbwa, msomaji, ni mtu mmoja tu anayeisemesha mifupa yake namna hiyo kabla ya kusimama.

"Huyo ni mimi," alisema wifi.

Mapazia alitamani sakafu immeze. Uso ulimchoma. Kati ya yote aliyoyaogopa asubuhi ile, hili hakulifikiria.

"Umeniiga."

"Nimekuiga, wifi."

"Mbele ya watu."

"Mbele ya watu. Nisamehe. Mwanao huyu aliniambia niigize mtu anayeumwa nyonga. Nikatafuta kichwani. Nikakukuta wewe tu."

"Umeniona wapi? Miaka tisa hujakanyaga kwangu! Tangu ule ugomvi wa cherehani!"

Cherehani yenyewe ilikuwa pale pale dirishani, nyeusi, imefutwa mafuta. Ilikuwa ya marehemu, kaka wa mmoja, mume wa mwingine. Wifi alitaka ifunikwe iwe ukumbusho. Mapazia alitaka ishone. Basi, watu wazima wawili wakanuniana kwa hilo, na kununa kukazaa kununa.

"Sokoni," Mapazia alisema kwa sauti ndogo. "Kila Jumamosi. Wewe unanunua vitunguu, mimi ninasimama kwa muuza nyuzi, ng'ambo. Unapoanza kupanda zile ngazi, mimi huwa sinunui tena. Ni ngazi tano. Nazihesabu na wewe mpaka umefika juu."

Kidole gumba cha wifi kiliacha kuusugua mkono wa kiti.

"Ya tatu ndiyo inayokutesa," Mapazia aliongeza.

"Ya tatu ina ufa."

"Ina ufa. Nilikwenda kumwambia msimamizi wa soko aizibe. Mara mbili nimekwenda."

Wifi alimtazama. Kisha mabega yakaanza kumtikisika. Mapazia akadhani analia, lakini wapi! Alikuwa anacheka, kicheko cha puani, kile kile cha ndugu wa mumewe wote.

"Wewe mwanangu mwenye poda," alimwita Moja-kwa-Moja. "Njoo hapa na hicho kidude chako."

Moja-kwa-Moja alikuja mbio.

"Mimi ni wifi yake, namjua kuliko Mungu wako huyo wa kwenye taa za kamera. Huyu hajaponya hata mafua. Huyo mgonjwa mnayemwona anasimama ni mimi, nimeigizwa. Tena hata hakupatia. Mimi naanza na mguu wa kulia."

"Ni wa kushoto, wifi."

"Wa kulia! Mguu ni wako au wangu?"

Hapo ndipo umati ulipoelewa. Si kwa kukiri kwa Mapazia, si kwa kompyuta. Ni kwa namna wale wawili walivyobishana. Watakatifu hawabishani hivyo. Mawifi ndio hubishana hivyo.

Minong'ono ikaanza mbele ikaenda nyuma. Moja-kwa-Moja aliushika waya wake wa sikioni, akamsikiliza mhariri wake, akaitikia kwa kichwa mara tatu. Alipoinua kipaza sauti, uso ulikuwa mwingine kabisa.

"Watazamaji, habari ya kusikitisha! Kituo chenu, ambacho siku zote kimekuwa na mashaka na tukio hili, leo kimemfichua mtakatifu wa uongo!"

"Mashaka gani?" binti alifoka. "Si nyinyi mlioirusha!"

"Tapeli!" ilisema sauti ya kwanza. Ilikuwa ya yule yule mama wa unyenyekevu.

"Tapeli!" ikaitikia ya pili.

Kipande cha pazia la zambarau kilipaa, kikatua kichwani kwa Mapazia. Kikafuata kingine. Walioomba baraka dakika ishirini zilizopita walikuwa sasa wanarudisha, na si kwa mkono wa heshima.

Binti alifanya jambo ambalo hakuwa amelipanga. Alichomoa waya wa kamera, akaielekeza lenzi sakafuni, akamshika Moja-kwa-Moja begani, akamtoa nje kama mtu anayetoa kiti.

"Unajua unafanya nini?" Moja-kwa-Moja alisema. "Hiyo kazi umeshaipoteza!"

"Najua. Angalia kizingiti, usijikwae na hivyo viatu."

Akafunga mlango, akauegemea kwa mgongo.

Kelele zikabaki nje. Ndani wakabaki watu watatu, cherehani, na vumbi la chaki likielea kwenye mwanga.

Mlango wa nyuma uligongwa. Mapazia alishtuka, lakini alikuwa dereva wa teksi, amebeba mkoba wa bluu, shati limechomoka.

"Mama, mzigo wako umebaki kwenye gari. Na mimi siwezi kutoka, ile gari ya televisheni imenizibia kabisa. Nikungoje au nisikungoje?"

Aliunyanyua mkoba autue mezani. Zipu, ambayo ilikuwa imechoka tangu ilipozaliwa, ikaachia. Vitu vikamwagika juu ya meza ya kukatia.

Mapazia alivitazama kimoja kimoja, kama anavyotazama kitambaa cha mteja. Gauni la kulalia, limepigwa pasi, limekunjwa mara nne. Ndara. Mswaki mpya, bado umo ndani ya karatasi yake. Kitabu kidogo cha maombi, kurasa zimeliwa pembeni. Kadi ya hospitali yenye tarehe ya leo, imezungushiwa duara kwa kalamu nyekundu. Maduara mawili.

"Wifi," alisema taratibu. "Umekula nini leo?"

"Sijala."

"Jana usiku?"

"Sikula. Daktari alisema tumbo liwe tupu."

Dereva, aliyekuwa na akili, akageuka kuutazama ukuta.

Mapazia alivuta kigoda chake cha kazi, akakaa mpaka macho yao yakalingana. Alizichomoa zile pini ukosini akaziweka chini, asije akamchoma mtu.

"Mtu aliyeamua kutokwenda hospitali hawezi kulala na njaa. Hapigi pasi gauni la kulalia. Hanunui mswaki. Wewe hukuamua kitu, wifi. Umekuja kutaka nini kwangu?"

"Nimeshasema. Uniguse."

"Wifi."

"Nimesema hivyo mlangoni, nchi nzima imesikia."

"Nchi nzima iko nje. Humu tupo sisi."

Ngumi zilianza kupiga mlango. Binti aliukaza mgongo. Saa ya ukutani ilikuwa nne kasoro dakika kumi na saba, na mtaa mzima ulikuwa umejaa watu waliotaka kujua ni nani atakayewatokea.

Wifi alilichukua lile gauni la kulalia. Alilikunja upya, ingawa halikuwa limekunjuka. Alilainisha ukosi wake kwa kidole. Alipoanza kusema, hakumtazama Mapazia. Alikuwa akilisemesha gauni.

"Watoto wangu wanne wameniambia, nenda Mama, Mungu yupo. Yupo, najua yupo, nimezungumza naye usiku kucha. Lakini mkono wa kunishika mpaka kwenye ule mlango ambao mgonjwa huingia peke yake, huo sina. Naogopa kisu. Asubuhi zote hizi nimekuwa nikifikiri nikufikieje, miaka tisa naanzia wapi, nigonge niseme nini? Nikakuona kwenye televisheni umesimama. Nikasema, angalau hiyo ni sababu."

Akainua macho.

"Sikutaka uniguse nipone, wifi. Nilitaka twende wote."